Jani la Isale Lisilokuwa Langu

Jumapili ile mlipokuja kwangu kula mtori wa ndizi mliniuliza mambo matatu: siku kumi na mbili nilikuwa wapi, yule dada mwenye madaftari ni nani, na ndizi nzuri vile nimezipata wapi. Mawili ya kwanza niliyajibu kwa kifupi. La tatu nililikwepa kwa kuwaongezea nyama. Mimi si mwandishi, nimeishia darasa la saba, na mkono wangu umezoea chaki ya kuchorea vitambaa kuliko kalamu. Lakini ninyi mlikaa nami msibani, na kuwaficha jambo kunanikosesha raha. Kwa hiyo nimeandika yote, kwa kufuata njia tuliyopita.

Majengo hadi Himo

Mnajua kwamba tangu mitumba ijae hapa Moshi mjini cherehani yangu inashinda imefunikwa. Mwalimu Dafroza alinikuta barazani nimekaa tu. Alileta sketi iliyoharibika zipu, na wakati naishughulikia akanisikia nikiongea Kichagga na mama muuza maziwa. Akauliza kama naweza kumtafsiria. Yeye ni mtu wa Kigoma, anafundisha chuo kikuu, na alikuja kuandika mila za mlimani ambazo wazee wanazo na vijana hawana: matambiko, baraka, namna ya kuzika, namna ya kupatana.

"Fundi," aliniambia, "hawa wazee wakiondoka kabla hatujawauliza, hatutakuwa na pa kuuliza tena."

Akanionyesha karatasi yenye majina ya wazee wanne, mmoja Rombo, mmoja Marangu, mmoja Kibosho, mmoja Machame. Mbele ya jina la nne palikuwa pameandikwa: anajua sana mambo ya masale na mazishi. Lilikuwa jina la Solomoni, kaka yangu, tumbo moja.

Nilikunja karatasi nikamrudishia.

Mliokuwepo mnakumbuka kwamba mke wangu Aikaeli tulimzika hapa mjini. Yapata miaka miwili sasa. Kaka alikuwa amechimba kaburi kule kwenye kihamba, shamba la migomba la ukoo ambako wazazi wetu wamelala, akasubiri na majirani kutwa nzima. Nilimpelekea habari kwamba mvua imekata njia. Hakujibu. Baadaye alimtuma mtu wa kanisani aniambie nisikanyage kwake. Sikukanyaga.

Sasa huyu dada alikuwa ananipeleka huko bila kujua. Ningeweza kukataa. Nitasema ukweli: nilikubali kwa sababu nilikuwa nimechoka kungoja mtu wa kunipeleka kwa nguvu.

Tuliondoka asubuhi, na kufika Himo ikawa ndiyo mwisho wa haraka yetu. Gari ndogo ya wazi iliyokuwa ipakie watu wa Rombo ilikuwa juu ya mawe, gurudumu limepelekwa kuzibwa. Tulikaa juu ya magunia ya mahindi kwa saa nne. Mwalimu alinunua parachichi tatu, akamwomba muuzaji chumvi.

"Ya nini?" yule mama akauliza.

"Ya kulia parachichi."

"Kwenu mnatia chumvi kwenye parachichi?"

"Ninyi mnatia nini?"

"Hatutii kitu. Tunawapa ng'ombe." Akampa chumvi hata hivyo, akasimama kumtazama anavyokula mpaka akamaliza.

Rombo, kwa mzee aliyetusubiri tumalize

Hapa ndipo nilipoaibika. Mwalimu alidhani Kichagga ni kimoja, na mimi sikumsahihisha, kwa kuwa sikuwahi kufika Rombo na nilidhani nitaokoteza. Tulipokaribishwa, mzee wa hapo, Mzee Tarimo, akasema maneno marefu, mazuri, huku ananitazama. Mwalimu akashika kalamu.

"Anasemaje, fundi?"

Nikafikiri. "Anasema karibuni," nikajibu.

"Hayo yote?"

Mzee akasema tena. Nilishika neno moja tu, na kwetu Machame neno hilo halitamkwi mbele ya wanawake. Jasho likanitoka. Nikaona nikiendelea nitakuwa mwongo wa kulipwa.

"Mwalimu," nikasema, "nisamehe. Sielewi hata kidogo. Hiki si Kichagga chetu."

Mzee Tarimo akacheka mpaka akashika mbavu. Kisha akasema kwa Kiswahili safi kabisa, "Mimi nimekata mkonge Tanga miaka kumi na tisa. Nilikuwa nawasubiri mmalize, ndipo tuzungumze."

Tukala kiburu, ndizi zilizopondwa na maharage, na mzee akaeleza kwa siku mbili jinsi baba yake alivyokuwa akitambika, amegeukia kilele cha Kibo, akiita waliokufa kwa majina mmoja mmoja. Mwalimu akamwuliza kama yeye mwenyewe bado anafanya.

"Mimi ni Mkatoliki," akasema. "Lakini majina bado nayakumbuka. Nikiwa peke yangu kwenye migomba huwa nayataja tu, nisije nikayasahau."

Siku ya kuondoka alimbariki mwalimu kwa desturi ya zamani, akamtemea mate kidogo kifuani. Akabariki na daftari pia. Wino ukachuruzika ukurasa mzima. Mwalimu hakuupangusa. Aliliacha daftari wazi juani mpaka likakauka, na nilimpenda kwa hilo.

Marangu, siku tatu za mvua

Tulipofika Marangu mvua ikafunga. Tulipanga chumba yeye, chumba mimi, kwa mama mmoja mwenye hoteli ya chai karibu na daraja, anayeitwa Mama Lilian. Mzee tuliyemfuata alikuwa amepelekwa kwa bintiye Arusha kutibiwa macho, kwa hiyo mwalimu akaamua kuzunguka na kuuliza majirani. Ikawa kila mlango tunaobisha watu wanabadilika uso.

Mwalimu alikuwa akiuliza hivi: "Mzee, ni mambo gani ya zamani mmeyaacha hapa nyumbani?"

Na mwenye nyumba anajibu: "Sisi hatujang'oa kahawa."

Nyumba ya nne ilipojibu hivyohivyo, nikamwomba Mama Lilian anieleze.

"Nyie mmevaa viatu vya mjini, mna daftari, mnauliza watu wameacha nini," akasema huku anageuza maandazi. "Bei ya kahawa imeanguka, na kung'oa ni marufuku, kwa hiyo watu wameng'oa usiku usiku wamepanda nyanya. Wanadhani mmekuja kuhesabu visiki."

Mwalimu alicheka hadi machozi. Toka hapo akawa anaanza kwa kusema, "Mimi sitaki kuona kahawa," na watu wanafungua.

Siku ya tatu ya mvua tukiwa tumekaa hotelini kwa Mama Lilian, mwalimu akaniuliza mbona kila tukizungumza mazishi kalamu yake inaandika na mimi natazama dirishani. Nikamwambia nina mke aliyefariki. Akasema pole. Kisha nikaona si haki afike Machame akiwa gizani, nikamwambia mzee wa nne ni nani kwangu.

Akanigeukia. "Kwa nini hukuniambia Moshi?"

"Hukuniuliza."

"Ningejuaje kuuliza, fundi?"

"Kweli."

Nikamsimulia jinsi kaka alivyochimba kaburi na kusubiri. Nikamsimulia pia nilichokuja kusikia kwa watu, kwamba kwa kuwa kaburi haliachwi wazi likiwa tupu, kaka alikata mgomba akauzika humo mahali pa mke wangu, akafukia, akapanda masale, yale majani marefu ya makaburini, kuzunguka kama anavyofanyiwa mtu. Mwalimu alikuwa na kalamu mkononi, lakini hakuandika.

"Tunaweza kuliacha jina la nne," akasema. "Nitaandika kwamba hatukumkuta."

"Utakuwa umeandika uongo."

"Basi unataka twende?"

Nikamwita Mama Lilian atuongezee chai. Kulikuwa na jambo moja kuhusu ile mvua ambalo sikumwambia yeye wala mtu yeyote.

Kibosho, kwa Bibi Apolonia

Tulirudi hadi Moshi, tukabadilisha gari, tukapanda Kibosho siku iliyofuata. Bibi Apolonia ana miaka themanini na kitu, haoni vizuri, na anamcheka kila mtu. Nilipomwamkia akashika mkono wangu, akaukagua vidole.

"Wa wapi wewe?"

"Machame, bibi."

"Ng'ombe wa baba yangu walivuka mto Weruweru kwenda kwenu. Umekuja kuwarudisha?"

"Bibi, mimi ni fundi cherehani. Sina hata mbuzi."

"Basi kaa. Mwizi asiye na mbuzi hana hatari."

Huyu ndiye aliyemweleza mwalimu habari za isale vizuri kuliko wote. Isale, yakiwa mengi masale, ni ule mmea wa majani marefu tunaopanda mipakani na makaburini. Mtu aliyekosa, akitaka kupatana, anachuma jani, analifunga fundo, anakwenda nalo mwenyewe kwa yule aliyemkosea. Hana haja ya maneno mengi. Na anayepelekewa hawezi kulikataa. Akilikataa, lililobaki ni juu yake.

"Siku hizi wanaandikiana barua kwa mwenyekiti," bibi akasema. "Barua inaweza kukataliwa." Kisha akanigeukia. "Kwenu mnayatumia masale au mnafungia mbuzi?"

"Tunayatumia, bibi."

"Umewahi kupeleka?"

"Bado."

"Bado? Umri huu? Basi wewe ama ni malaika ama ni mwoga."

Nilitazama dirishani. Bibi akatuma mjukuu akate jani moja mpakani, akalifunga fundo mwenyewe kwa kupapasa, akampa mwalimu aende kuwaonyesha wanafunzi wake. Mwalimu alilifunga kwenye khanga yenye unyevu kama mtoto.

Machame

Kutoka Kibosho tulikwenda kwa miguu, ili kuepuka kushuka hadi barabara kuu. Nisingeshauri mtu mwingine. Bonde la Weruweru ni refu, na matope ya mvua ile yalikuwa bado. Mwalimu alianguka mara mbili, mimi mara tatu, na mzee mmoja aliyebeba majani ya ng'ombe kichwani akatupita bila hata kutazama chini. Alitupa shikamoo ya utani, akaniuliza kama huyu mkwe wangu amekataa kunipa usafiri.

"Si mkwe wangu," nikasema. "Ni mwalimu wangu."

"Anakufundisha nini?"

"Kuanguka," mwalimu akajibu.

Tulifika kwa kaka saa tano asubuhi. Mbele ya boma lake kuna mfongo, ule mfereji wa maji tuliochimbiwa na babu zetu, na siku ile ulikuwa umejaa. Mwalimu akanipa daftari na lile jani nimshikie ili aruke. Akaruka. Mimi nikavuka nyuma yake, daftari mkono wa kushoto, jani mkono wa kulia, na nilipoinua uso kaka alikuwa amesimama hatua kumi, panga mkononi, anakatia ng'ombe majani ya mgomba.

"Shikamoo kaka," nikasema.

Hakuitikia. Alikuwa anatazama mkono wangu, nami nikautazama. Jani la isale, limefungwa fundo.

Kaka alichomeka panga kwenye mgomba. Akapangusa viganja kwenye suruali, kimoja kimoja, akainyoosha mikono yote miwili mbele yake. Nikaona amezeeka. Mikono ilikuwa ya baba.

Nilichotakiwa kufanya ni kunyamaza tu. Najua wengi wenu mngenyamaza, na msingekosea. Mimi nilishindwa.

"Kaka, hili si langu," nikasema. "Ni la mwalimu. Ni la utafiti."

Mikono ikabaki hewani. Shemeji, aliyekuwa mlangoni mwa jiko na sufuria, akasema taratibu, "Mungu wangu, huyu mtu."

"La utafiti," kaka akasema.

"Ndiyo."

"Na wewe umekuja kufanya nini?"

"Kutafsiri."

"Kumtafsiri nani?"

"Wewe."

Akamgeukia mwalimu. "Mama, unatoka wapi?"

"Kigoma, mzee. Shikamoo."

"Marahaba. Unanielewa ninavyosema?"

"Nakuelewa vizuri sana."

"Basi huyu ni wa nini?"

Mwalimu akasita. "Ni mwenzangu wa safari, mzee."

Kaka akaja, akalichukua lile jani kwangu kwa vidole viwili, akaligeuza. "La Kibosho hili. Limeshanyauka." Akampa mwalimu. "Liweke kwenye vitabu vyako." Kisha, bila kunitazama, akasema kwa Kimachame, polepole, kama anayezungumza na ng'ombe, "Mabichi yapo kule chini. Unapajua."

Nikashuka. Nilipita kaburi la baba, nikapita la mama, na pembeni yao nikalikuta lile ambalo sikuwahi kuliona, masale kuzunguka pande zote nne. Katikati ulikuwa umesimama mgomba mkubwa kuliko wote shambani, na mkungu wake umekomaa, unainamia ardhi.

Mgomba wa kuzikwa hukatwa shina, likabaki gogo tu, lioze. Kaka alikuwa na hasira siku ile, na giza lilikuwa linakaribia. Aliung'oa na mizizi yake, akauzika mzima, nao ukaota.

Nilikaa hapo kidogo. Kisha nikachuma jani, nikafunga fundo. Vidole vinavyofunga mafundo ya uzi kila siku vilikosea mara mbili.

Kaka alikuwa bado amesimama palepale. Nilisimama mbele yake, na kwa sababu nilikuwa na jani langu mwenyewe, niliweza kusema.

"Kaka, njia haikukatika. Mvua ilinyesha, lakini lori lilipatikana, na dereva alikuwa tayari. Mimi ndiye niliyemrudisha. Niliona nikimleta huku nitakuwa namtembelea Krismasi na Pasaka. Kule ninakwenda kila Jumamosi nikifunga kazi. Nilimtaka karibu, nikasema ni mvua."

Kaka akatazama maji ya mfongo.

"Ungeniambia hivyo."

"Ungekubali?"

"Nisingekubali. Ningeshuka nikakutukana mbele ya watu. Halafu ningechukua sepetu nikazika." Akaelekeza kidole kule chini. "Kunda, ndugu yangu, mimi sikumzika shemeji yangu. Nilikaa hapa na shimo, kwa sababu ya mvua ambayo haikukata njia."

Nikamnyooshea jani. Alilipokea kwa mikono yote miwili, akaenda akalichomeka juu ya mlango wake. Akarudi akachukua panga.

"Ng'ombe hajala," akasema. "Shika upande ule."

Mchana, tukila machalari, ndizi zilizopikwa na nyama, mwalimu aliomba ruhusa kuandika alichokiona.

"Andika," kaka akasema. "Majina usiandike. Na mimi nina swali. Umezunguka mlima mzima. Mgomba uliozikwa badala ya mtu ukiota, ukazaa, wenzetu huko wanafanyaje? Majirani wanaogopa hata kupita karibu. Mkungu umekomaa, wiki ijayo utaanza kuiva, na mimi sijui."

"Wewe hujui, mzee?" Mwalimu akafungua ile karatasi yenye majina. "Hapa wameandika wewe ndiye unayejua."

"Haijawahi kutokea. Hakuna aliyewahi kuuzika na mizizi."

Mwalimu akapekua daftari lake kweli, ukurasa kwa ukurasa, mpaka ule wa mate ya Mzee Tarimo. Akatikisa kichwa. "Sijakuta popote."

Wakatazamana, msomi na mjuzi wa mila, wote wawili wamekwama. Shemeji akaweka bakuli chini.

"Jambo dogo hilo," akasema. "Ndizi ni za mwenye mke. Akale na waliomzika."

Kurudi Majengo

Mwalimu alipanda basi la Dar es Salaam kesho yake. Stendi alinipa mkono, akasema kama nitapata mteja mwenye zipu nimkumbuke. Sijamwuliza, na sidhani kama nitamwuliza, kwa nini alinipa lile jani nishike wakati khanga yake ilikuwa na nafasi.

Mkungu niliteremka nao mimi, umefungwa kwa majani makavu. Ninyi mliutoa chumba cha maiti mwili wa Aikaeli, mkabeba jeneza kwenye matope, mkachimba, mkafukia. Waliomzika ni ninyi. Ndiyo maana niliwaita Jumapili ile, na ndiyo maana sikuwaambia ndizi zimetoka wapi mpaka kila mmoja alipokuwa ameshashiba. Kama kuna ambaye moyo wake umekataa, aje aniambie mwenyewe. Mimi nilikula bakuli mbili.

Jumamosi ijayo kaka anashuka kuona kaburi. Amemtuma mama muuza maziwa aniulize kama njia ya makaburini inapitika mvua ikinyesha. Nimemjibu inapitika.